Barua ya wazi kwa wazazi vijana wanaotafuta jina la mtoto

Wanangu wapendwa,

Nawasalimu kwa heshima na kwa upendo. Tangu mwaka huu uanze wamenijia wazazi vijana watano au sita, wengine mimba ikiwa bado changa, wakanionyesha kwenye simu zao orodha ndefu za majina yaliyopangwa kwa alfabeti, kila jina likiwa na maana yake ya neno moja au mawili, nao wakaniuliza lipi kati ya hayo lina maana nzuri. Niliwajibu kwa kifupi, lakini kila walipoondoka nilibaki nikiona kwamba sikuwatendea haki. Ndiyo sababu nawaandikia ninyi nyote, pamoja na wale ambao hawajafika kibarazani kwangu.

Nilifundisha shule za msingi kwa miaka 34, na kila asubuhi niliita majina kutoka kwenye daftari la mahudhurio. Niruhusuni nianze na jina langu mwenyewe.

Naitwa Shida. Siku niliyoandikishwa darasa la kwanza, mwalimu aliyekuwa na daftari aliinua kichwa, akamtazama mama yangu, akasema kwamba mtoto hawezi kubeba jina baya namna hiyo, kisha akaandika Furaha. Nadhani alinitakia mema. Basi kwa miaka yote ya shule ya msingi nikawa Furaha darasani na Shida nyumbani, na mama hakujua, kwa kuwa hakusoma. Alijua siku nilipoleta cheti na kumsomea kwa sauti. Alikuwa anapepeta mtama. Akaweka ungo chini, akakaa kimya kitambo, kisha akanieleza habari ambayo sikuwahi kuisikia. Nilizaliwa mvua zikiwa zimekatika kwa misimu miwili, na ghalani hamkuwa na kitu. Jirani yetu, mwanamke mwenye watoto wake wanne, alileta kibaba cha unga kila jioni mpaka arobaini yangu ikatimia, akikiweka mlangoni bila kubisha hodi ili mama asione haya. “Nilikuita Shida,” mama akasema, “ili tusimsahau yule aliyetulisha.”

Kamusi haiwezi kuwaambia hilo. Kwetu sisi neno shida lilikuwa jina la kushukuru, na mwalimu yule alipolifuta, alimfuta jirani yetu pasipo kujua. Nilipofikia umri wa kujiamulia nilikula kiapo, nikalirudisha kwenye karatasi zangu zote.

Tazameni na jina ambalo taifa zima la Tanzania linalitamka. Mwalimu Nyerere alizaliwa Butiama mwaka 1922, mvua ikinyesha, akapewa jina Kambarage, ambalo Wazanaki walimwita kwalo mzimu wa mvua. Julius alilipata mwaka 1943 alipobatizwa. Nyerere lilikuwa jina la baba yake, na maana yake ni viwavi, kwa sababu mzee huyo alizaliwa wakati viwavi walipoivamia nchi. Kama wazazi wa Mzee Nyerere Burito wangekuwa na orodha mkononi, sidhani kama wangechagua jina la mdudu anayemaliza mazao shambani. Wao walitunza kumbukumbu ya msimu ule, na leo mtoto anayeuliza maana yake bado anafikishiwa habari za viwavi wale.

Ukizunguka kwa watu mbalimbali utaona kwamba kila jamii ina mahali inapochota majina. Wengi huchota katika wakati. Pwani na bara yetu ina akina Juma, Hamisi, Mwanaidi, Chausiku, Shabani na Rajabu. Waluo humwita Ochieng’ au Achieng’ aliyezaliwa jua limepanda, Okoth au Akoth aliyekuja na mvua, Otieno au Atieno aliyezaliwa usiku. Mbali kabisa na sisi, Waakani wa Ghana wana jina la kila siku ya juma: Kofi Annan, aliyekuwa Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa, alizaliwa Kumasi siku ya Ijumaa, tarehe 8 Aprili 1938, pamoja na dada yake pacha, akaitwa Kofi kwa ajili ya Ijumaa na Atta kwa ajili ya upacha. Kwa hiyo Kofi wa Kumasi na Juma wa Tanga ni wajina, ingawa wazee wao hawakuwahi kukutana.

Hapa ndipo orodha za kwenye simu zinapowapoteza. Zitawaambia kwamba Ramadhani ni jina linalotokana na neno la Kiarabu la joto kali, na kwa asili ya neno hazikosei. Lakini muulizeni mama yeyote mwenye Ramadhani wake, naye atawasimulia mwezi wa mfungo, futari iliyokuwa jikoni uchungu ulipoanza, na nani alimkimbilia mkunga.

Wengine huchota katika watu. Kwa Wakikuyu mtoto wa kwanza wa kiume huchukua jina la babu mzaa baba, wa pili la babu mzaa mama, na mabinti hufuata mabibi kwa utaratibu huo huo, hata baba anaweza kumwita mwanawe mdogo “baba” bila utani wowote. Waluo nao walikuwa na desturi ya kumtajia mtoto anayelia bila kunyamaza majina ya wazee waliotangulia, mpaka atulie kwenye jina la yule aliyetaka kukumbukwa. Nawasihi mlio katika ndoa za makabila mawili au dini mbili msiifanye desturi ya upande mmoja kuwa ndiyo pekee yenye akili. Kaeni na wazazi wa pande zote mbili kabla ya siku ya saba, kabla ya akika au ubatizo, kwa kuwa jina likishazoeleka mdomoni ni vigumu kulirudisha.

Burundi na Rwanda jina huwa sentensi nzima. Ndayishimiye ni mtu anayemshukuru Mungu. Habimana ni kusema kwamba Mungu yupo. Watoto wa tumbo moja huwa na majina tofauti, kwa sababu kila mmoja alizaliwa na neno lake, na ndugu zetu waliohamia Ulaya na Marekani wanajua taabu ya kumweleza karani anayedai jina moja la ukoo. Lipo pia jina la Kirundi Nzikobanyanka, yaani najua kwamba wananichukia. Hapo mimi naweka mpaka. Ninaheshimu uchungu wa aliyelitoa, lakini mtoto hakuwa shahidi wa ugomvi ule, na si vyema akabebeshwa ujumbe kwa majirani maisha yake yote. Jina langu lilimtaja aliyetutendea wema. Lingemtaja aliyetunyima, sijui kama ningelirudisha.

Msilichanganye hilo na majina ya wazazi waliofiwa. Wayoruba wa Nigeria, mtoto anapozaliwa baada ya wenzake kufa wakiwa wachanga, huweza kumwita Kokumo, kwamba hatakufa tena, au Durojaiye, kwamba abaki aufurahie ulimwengu. Nimewahi kumweleza mzazi mmoja maana ya jina Durojaiye, naye akalia mbele yangu, kwa kuwa alikuwa amezika watoto wawili.

Sitasahau kuwataja ndugu zetu wa Kongo. Mwaka 1972 Rais Mobutu alipoamuru kila raia wa Zaire, kama Kongo ilivyoitwa wakati huo, aache jina la Kizungu, naye mwenyewe akaacha Joseph-Désiré na kuwa Mobutu Sese Seko, kasisi aliyebatiza mtoto kwa jina la kigeni alitishiwa kifungo. Naunga mkono majina ya kwetu kwa moyo wangu wote, lakini jina la asili linalotolewa kwa hofu ya serikali halina tofauti na Furaha niliyoandikiwa mimi: ameliandika mtu asiyekuwepo siku mtoto alipozaliwa.

Ninachowaomba ni hiki. Nunueni daftari la jalada gumu. Siku jina litakapotolewa, andikeni tarehe na saa, hali ya hewa, nani alikuwepo, nani alilipendekeza jina na kwa nini, na majina mengine yaliyotajwa yakaachwa. Kama ni jina la bibi, andikeni bibi huyo alikuwa mtu wa namna gani, alilima nini, alipenda wimbo upi. Asiyejua kuandika asimulie, mwingine aandike. Mama yangu hakuacha karatasi, na jina la jirani yule aliyeleta unga lilitajwa mara moja tu, jioni ile ya cheti. Nikiwa mtoto wa shule sikuliandika, na leo silikumbuki.

Ni mimi mama yenu na mwalimu wenu mstaafu,

Shida