Barua kwa binti yangu anayekwenda kusomea picha za angani

Bungoma

Nafula mwanangu,

Nimepata habari kwa shangazi yako, wala si kwako, kwamba umechaguliwa kwenda kusomea uchambuzi wa picha za angani katika ujasusi wa kijeshi. Nilifurahi hata nikamweleza mchungaji kabla ya ibada, ingawa ilinibidi nijifanye nilijua tangu mwanzo. Hilo tutalizungumza ukija.

Kazi hiyo naifahamu kidogo, kwa kuwa katika ofisi ya ramani nilizeeka nikiinamia stereoskopu, nikitazama kwa pamoja picha mbili za mahali pamoja zilizopigwa ndege ikiendelea na safari, mpaka kilima kiinuke na bonde lizame. Utafundishwa pia kwamba kivuli ni kipimo, na kwamba ukijua saa ya picha na mwinuko wa jua, urefu wa mnara unaupata. Hayo hayanisumbui. Ninachohofia ni kwamba mkubwa wako atakuuliza swali moja, nawe utaitazama picha kwa ajili ya swali hilo tu.

Tarehe 4 Aprili 1944 ndege ya kikosi cha Afrika Kusini ilipiga picha kiwanda cha IG Farben, kampuni ya kemikali ya Kijerumani, karibu na Auschwitz, Poland. Wachambuzi wa Medmenham, kituo cha Uingereza cha kuchambua picha za angani, walikieleza kiwanda hicho kwa makini, lakini kambi ya wafungwa, ambako Wanazi waliwaua Wayahudi, iliyokuwa kwenye filamu hiyo hiyo hawakuitambua, kwa sababu hawakutumwa kuitafuta. Hadi mwishoni mwa miaka ya 1970 ndipo wachambuzi wawili wa CIA, shirika la ujasusi la Marekani, walipozirudia picha za eneo hilo na kuionyesha. Nao wa Medmenham hawakuwa wavivu. Ni hapo hapo ambapo mwaka 1943 mwanamke mwenzako, Constance Babington Smith, aliitambua V-1, bomu la kuruka la Wajerumani, huko Peenemünde, Ujerumani, kijindege kidogo mno ambacho wengi wangekipita.

Kosa linaweza kwenda upande wa pili vilevile. Mei 1999 ndege za Marekani ziliupiga ubalozi wa China mjini Belgrade na kuwaua waandishi wa habari watatu. Jengo lilikosewa, na picha zake hazikumshtua mtu.

Wewe una haraka, mwanangu, na wepesi wako ndio unaosifiwa, lakini ndio unaonitia wasiwasi. Shangazi yako alikuwa Cheptais mwaka 2008, helikopta za jeshi zilipokuwa zikizunguka Mlima Elgon zikiwasaka wanamgambo. Kutoka juu, yeye na mtu aliyejificha wote walikuwa nukta. Basi ukiulizwa kuhusu gari, liandike gari, kisha uandike na nguo zilizoanikwa kando yake, hata kama hakuna aliyekuuliza. Wakikuharakisha, andika kwamba huna uhakika, na uweke sahihi yako chini ya maneno hayo.

Pima macho kabla ya kuondoka. Ile miwani unayoivaa ukikumbuka haitoshi.

Mama yako anauliza kama ulibeba blanketi zito. Fedha ulizotuma tulinunulia mbolea ya kupandia, kwa hiyo mabati ya jikoni yatangoja. Ng'ombe amezaa, ni dume tena. Wekesa anadaiwa karo, na ukiweza kusaidia hata nusu, itume kwa simu ya mama yako, kwa sababu yangu imepasuka kioo.

Baba yako