Barua kwa binamu yangu aliyeipiga msasa komodi ya Shangazi

Binamu,

Umeandika kwenye grupu la familia kwamba nimeiba tapestri ya mama yako, ile picha ya kufumwa ya kutundika ukutani. Haya. Nakujibu hapa hadharani, maana kule wazee wananiambia ninyamaze, na wewe hunyamazi.

Kwanza pole tena. Wewe ndiye uliyemuuguza Shangazi Brussels mpaka mwisho, na hilo hakuna wa kukunyang'anya. Lakini komodi, lile kabati lake fupi la droo, binamu! Matanga hayajaanuliwa, wewe umeshaazima mashine ya msasa.

Ulitaka ing'ae. Vinia, yaani zile mbao nyembamba zilizobandikwa juu ya kabati, ya Paris ya karne ya 18 ilipasuliwa kwa msumeno wa mkono, ikawa na unene wa milimita 1.5 hadi 2, au zaidi. Kila fundi aliyeisafisha baadaye aliiparuza kidogo, kwa hiyo wewe hukukuta milimita mbili. Mashine huanza kula kingo, kwa sababu hapo ndipo inapoelemea, na ndiyo maana kona za droo sasa zinaonyesha mwaloni mtupu wa chini. Ile rangi ya asali uliyoiita uchafu ni mbao za Brazili zilizopauka taratibu kwa mwanga. Uliyoifichua chini yake ni waridi kali ambayo hata shemeji hakuipenda.

Hayo ningeyameza. Kinachonikaa kooni ni marumaru iliyofunika komodi kwa juu. Uliiinua, ukaona maandishi yaliyogongwa juu ya nguzo ya nyuma, ukapitisha msasa na hapo. Kuanzia katikati ya karne ile hadi vyama vya mafundi vilipofutwa mwaka 1791, mabingwa wa samani wa Paris walitakiwa kugonga majina yao kwenye kazi zao, na wakaguzi wa chama wakaongeza herufi JME, alama ya kwamba chama kimeipitisha. Komodi ya Shangazi ilikuwa navyo vyote viwili. Jina limekwenda, imebaki M na E na mkia wa J. Najua utasema mihuri hughushiwa. Kweli, na hata aliyekarabati kazi ya mwenzake aliweza kugonga wake. Ndiyo maana haisomwi peke yake: unavuta droo uone kama meno ya kuungia yana upana usiolingana, unatazama mgongo wa kabati uone mikwaruzo ya randa na mistari ya msumeno iliyonyooka. Mistari ya mviringo ni ya msumeno wa mashine, yaani karne ya 19 au baadaye. Mgongo hukuufikia, alhamdulillahi.

Halafu gundi nyeupe ya dukani. Vinia iliinuka kwa sababu mitambo ya kupasha joto hukausha hewa wakati wa baridi; mbao za ndani zinasinyaa, vinia inabaki haina pa kushika. Dawa yake ni gundi ya mifupa au ngozi, iliyopashwa mpaka nyuzi 60 hivi, isichemke, karatasi isiyonata juu, kisha ubao na uzito usiku kucha. Gundi hiyo kesho ukiitaka itoke inatoka kwa joto na unyevu. Ya kwako haitoki bila kuondoka na mbao.

Sasa, baada ya kuona hayo, ulitegemea nikuachie tapestri? Ulikuwa umeshauliza bei kwa dobi anayefua kwa kemikali bila maji! Ile ni kazi ya Oudenaarde, mji wa Ubelgiji: mitande (nyuzi zinazotandwa kwanza kwenye kitanda cha mfumaji) ya sufu, mishindio (nyuzi zinazopitishwa kati yake) ya sufu na hariri. Tapestri nyingi hufumwa kwa ubavu, hivyo ikitundikwa mitande inalala na uzito wote unabebwa na mshindio, sehemu iliyo dhaifu zaidi. Nyuzi za kahawia zilizotiwa rangi kwa chuma ndizo huoza kwanza, na ndiyo maana mistari ya kuzunguka majani inadondoka unga. Majani yenyewe ni ya buluu kwa sababu manjano iliyochanganywa nayo ilipauka, buluu ikabaki. Si ukungu, usiisugue. Mama yako alikueleza hili mbele yangu.

Nilipoichukua nilifanya hivi: niliifyonza vumbi kwa nguvu ndogo kabisa kupitia wavu, mbele na nyuma, nikatafuta mayai ya nondo kwenye mikunjo ya bitana, nikaiviringisha kwa kufuata mitande juu ya bomba nene, uso nje. Kuikunja ni kuivunja. Kuiosha ni kazi ya warsha ya kutunza tapestri kama ya De Wit kule Mechelen, Ubelgiji, ambako hutandazwa, ikanyunyiziwa ukungu wa maji na sabuni huku hewa ikifyonzwa kutoka chini. Mwizi gani anafanya kazi yote hiyo?

Ukiitaka, nitaileta kwako mwenyewe. Nionyeshe ukuta usiopigwa na jua, mbali na kipasha joto, mwanga usiozidi lux 50 (kipimo cha mwanga), yaani hafifu. Bitana ya kitani mpya, utepe wa velcro wa sentimita 5 ushonwe juu kwa upana wote. Zile pete na misumari ya kwako, tupa.

Na komodi usiipake vanishi ya plastiki, nakuomba. Iache ilivyo hadi fundi aione. Mapambo ya shaba uliyoyafungua usiyaguse na dawa ya kung'arishia. Dhahabu yake iliwekwa kwa zebaki, ni utando mwembamba tu, na amonia inakula shaba ya chini. Futa kwa brashi laini, funga kila skrubu pamoja na pambo lake. Na mkirudisha marumaru muwe wawili, muibebe ikiwa imesimama kwa ubavu. Ikibebwa bapa inakatika katikati kwa uzito wake yenyewe.