Inala haikuanza na familia ya Palaszczuk

Mhariri,

Nimesoma gazeti lako tangu lilipokuwa karatasi chache za kuazimana baada ya ibada, na muda wote huo sikuwahi kukuandikia. Hata mlipotangaza kifo cha mzee wetu mmoja aliyekuwa bado anakunywa chai yake Richlands, nilinyamaza. Ila makala yenu ya juzi kuhusu historia ya jimbo la uchaguzi la Inala, mtaa wetu huku Brisbane, Australia, imenishinda.

Mmeandika kwamba Inala ndiyo iliyompeleka bungeni Pauline Hanson, mwanasiasa anayepinga wahamiaji. Si kweli. Mwaka 1996 Hanson alishinda Oxley, ambalo ni jimbo la Bunge la taifa kule Canberra, na Ipswich ilikuwa ndani yake. Inala ni jimbo la Bunge la hapa Queensland tu, na wakati ule mbunge wake alikuwa Henry Palaszczuk wa chama cha Labor. Mwandishi wenu amechanganya mabunge mawili, kisha akatubandika sisi tunaoishi hapa sifa ya watu waliotukataa. Ningependa kumwona anaingia na gazeti hilo mkononi kwenye duka la Mvietnamu pale Civic Centre na kulisoma kwa sauti.

La pili ni hiyo "ngome ya familia moja" mnayotuita. Baba, huyo Henry, alikaa kuanzia 1992, binti yake Annastacia akapokea 2006, akawa Waziri Mkuu wa Queensland 2015, akang'atuka Desemba 2023. Hakuna anayebisha. Lakini mmeanzia mwishoni! Jimbo limetoka wapi? Mwaka 1946 askari waliorudi vitani na kukosa nyumba waliunda ushirika, wakanunua pori huku kusini-magharibi mwa Brisbane na kulipa jina Serviceton. Baadaye Tume ya Nyumba ikaichukua ardhi hiyo na kujenga nyumba za serikali, na 1953 ndipo jina likawa Inala. Walioishi humo hawakuwa na jimbo la jina lao kwa karibu miaka 40, na kura yao ilikuwa nyepesi kuliko ya mtu wa shamba. Hilo lilianzishwa na Labor wenyewe, serikali ya Ned Hanlon, mwaka 1949, kwa kuigawa Queensland katika kanda ambazo wapiga kura kwa kila mbunge hawakulingana, wakiamini itawafaa. Chama kikapasuka 1957, wakakaa nje ya serikali miaka 32, huku Joh Bjelke-Petersen, Waziri Mkuu wa chama pinzani, akiufaidi mfumo huohuo kuliko walioubuni. Nacheka kila nikilikumbuka.

Hapa palikuwa chini ya jimbo la Archerfield. Mbunge wake kuanzia 1972, Kevin Hooper, alisimama bungeni mwaka hadi mwaka akitaja rushwa ya polisi, madanguro na kamari, wakubwa wakimwona mropokaji. Alifariki 1984, kabla ripoti ya 1989 ya tume ya Fitzgerald iliyochunguza rushwa haijaonyesha kwamba uozo aliokuwa akiupigia kelele ulikuwa wa kweli. Ripoti hiyo ndiyo iliyofungua njia ya mipaka kuchorwa upya ili kura zilingane, chini ya Waziri Mkuu Wayne Goss wa Labor, kijana aliyesoma sekondari hapahapa Inala. Jimbo la Inala la 1992 ni zao la vita hivyo. Katika safu zenu mbili, Hooper hayumo. Goss hayumo. Kambi ya Wacol haimo, ambako walishukia wakimbizi wa Ulaya baada ya vita na Wavietnamu baada ya 1975, zamani kabla yetu sisi wa Uvira, Bujumbura na Kigoma.

Sasa nikueleze kwa nini neno "ngome" linanichemsha. Machi 16, 2024 kulikuwa na uchaguzi mdogo wa kujaza kiti cha Inala, na siku hiyohiyo uchaguzi wa Jiji la Brisbane. Nilimsindikiza mama jirani yangu, mzaliwa wa Uvira aliyekula miaka mingi katika kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, ambaye uraia ulikuwa bado wa moto mkononi. Alivaa kitenge cha sikukuu. Nje wapiga debe wa vyama walimjaza vikaratasi vya rangi zote, mwingine akamwelekeza kwenye soseji na vitunguu vinavyouzwa vituoni siku ya kura, kana kwamba ndiyo iliyomtoa nyumbani. Ndani akapewa karatasi za kura: ya meya, ya diwani, na ya mbunge. Sasa sikiliza, Mhariri. Katika karatasi za Jiji ukiandika 1 kwa mtu mmoja ukaacha wengine, kura inahesabiwa. Katika ile ya Inala ukifanya hivyo, kura imekufa; sharti upange namba wagombea wote hadi chini. Meza moja, penseli moja, siku moja, sheria mbili! Nikamsikia karani, kijana wa watu, anamweleza kwa Kiingereza cha kasi huku akitazama foleni nyuma yake, na mama anaitikia kwa kichwa kama wazee wetu wanavyomwitikia daktari. Tulipotoka nikamuuliza amefanyaje. Akajibu kwa furaha: "Mwanangu, nimeandika moja. Kote nimeandika moja." Sikuwa na moyo wa kumwambia. Na ujue kwamba hadi 2016 kura yake ingehesabiwa hata ile ya mbunge, kwa sababu Queensland iliruhusu namba moja tu. Ilibadilishwa Aprili mwaka huo, usiku, kwa nyongeza iliyochomekwa kwenye muswada wa kuongeza viti vya Bunge la Queensland kutoka 89 hadi 93, upinzani ukipewa taarifa ya dakika 18. Waziri Mkuu wakati huo alikuwa nani? Mbunge wa Inala. Jimbo lililojaa watu wanaosoma Kiingereza kwa kutafuta herufi, na mbunge wake ndiye aliyelipa karatasi ngumu. Hiyo ndiyo historia ya ngome yenu. Anayeishi ndani ya ngome haulizwi kitu, maana kura yake imeshahesabiwa kichwani mwa wakubwa kabla hajaamka.

Na walishangaa Labor ilipopungukiwa kura nyingi Inala siku ile ingawa ilishinda, huku Ipswich West, jirani zetu, ikiwatoka kabisa! Mimi sikushangaa. Mwaka 2012 chama hicho kilibaki na viti 7 katika 89, na Inala ikiwa mojawapo, tukapigwa mabega. Baada ya hapo nilitarajia angalau treni. Reli ilifika Richlands 2011, ikasonga hadi Springfield 2013, Inala penyewe ikarukwa, na bado tunafuata treni kwa basi. Nauli ni senti 50 tangu Agosti 2024, na nashukuru kwa dhati, ila basi la mtaani kwetu Jumapili jioni ni la kusubiri ukiwa na blanketi. Nauli rahisi ya basi lisilokuja, sijui niiweke fungu gani.

Ninachokuomba ni hiki. Mwezi mmoja kabla ya uchaguzi wowote huku, chapisha ukurasa wa mwisho mfano wa karatasi ya kura, ukubwa uleule, wenye maelezo kwa Kiswahili cha mtu mzima, ili mama akate kwa mkasi na kufanyia mazoezi mezani. Toa tangazo la yule anayeuza nyumba. Amekwishauza za kutosha. Naye mwandishi wenu, kila atakapoandika neno "ngome", akatwe posho, fedha inunue benchi kwa ajili ya kituo chetu cha basi. Kwa kasi yake, kufikia Krismasi tutakuwa na mabenchi manne na paa.

Msomaji wako wa siku nyingi,
Durack, Queensland