Vifaa vya kamera kwa safari yetu

Wapendwa, habari za jioni. Tangu jana naulizwa pembeni swali lile lile: nibebe lenzi ngapi? Jibu langu ni moja, ikizidi sana mbili. Ile ya 24-70 mm, inayoanza na picha pana hadi kuvuta karibu kiasi, inatosha mandhari, watu na mitaa. Ukiongeza, chukua 50 mm yenye f/1.8, yaani tundu lake hufunguka sana na kuingiza mwanga mwingi, kwa picha za usiku. Safari iliyopita mimi nilibeba nne. Mbili zilirudi hazijatoka hata kwenye mifuko yake, na bega liliniuma siku tatu. Isitoshe, kila ukibadilisha lenzi vumbi linaweza kuingia kwenye sensa, kile kibamba cha ndani ya kamera kinachonasa picha, halafu picha zote za anga zinatoka na madoa.

Wenzetu mnaopiga picha za ndege na wanyama, hapo lenzi ya kuvuta mbali, 200 mm kwenda juu, haikwepeki. Tripodi, ile miguu mitatu ya kamera, acheni nyumbani jamani, labda uwe unapiga picha za nyota.

Sasa betri, na hapa naomba tusikilizane. Betri za akiba na pawabenki haziruhusiwi kwenye mzigo unaoingia tumboni mwa ndege. Ziwe kwenye begi la mkononi, ncha za betri zimezibwa kwa utepe. Kikomo cha kawaida ni wati-saa 100 (kipimo cha nishati ya betri) kwa kila moja. Pawabenki ya mAh 20,000 ina kama wati-saa 74, haina shida.

Kadi mbili za GB 64 ni afadhali kuliko moja ya 128. Ikiharibika moja, hujapoteza safari nzima.

Mwenye simu tu asione haya, ila afute video za zamani mapema. Na mwenye chaja ya ziada aniambie leo.