Kona za trei, kesho Chake Chake

Assalaam alaykum mafundi. Kesho saa mbili asubuhi tunaanza kona za trei, yaani sinia ndefu za chuma za kubebea kebo za umeme. Njooni na tupa na skwea, grenda ipo.

Kona ya kupanda ukutani msiikunje nyuzi 90 kwa mkupuo. Pigeni mbili za 45: kateni V kwenye kingo tu, tumbo la trei libaki zima. Kebo nene ya milimita 30, ukihesabu unene wake mara 8, inataka mkunjo wenye nusu kipenyo cha milimita 240. Pimeni kwanza, jamani!

Makali yapigwe tupa mpaka kidole kipite bila kukwaruzwa, kisha rangi ya zinki siku hiyo hiyo. Chumvi ya bahari haingoji Jumatatu. Waya wa ethi (wa kupeleka umeme ardhini) kila kiungo, nitakagua mwenyewe.