Barua ya wazi kwa Waziri wa Afya: Kijana anayezimia uwanjani apimwe moyo kabla hajarudishwa nyumbani

Mheshimiwa Waziri wa Afya,
Jamhuri ya Muungano wa Tanzania,
Dodoma.

Mheshimiwa Waziri,

Mimi ni mwalimu wa sekondari mkoani Ruvuma. Nafundisha Jiografia na nasimamia michezo. Nakuandikia hadharani kwa sababu jambo hili linawahusu wazazi wengi ambao bado hawajui kuwa linawahusu. Ombi langu ni agizo lililo ndani ya uwezo wa ofisi yako: kijana anayezimia akiwa anakimbia au anacheza asiruhusiwe kurudi nyumbani kabla ya kupimwa ECG, yaani kipimo kinachochora umeme wa moyo kwenye karatasi, na ECG hiyo isomwe na mtu anayejua kuisoma.

Mdogo wangu alikuwa kidato cha nne alipoanguka mara ya kwanza. Ilikuwa mechi ya madarasa, saa kumi jioni, na mimi nilikuwa pembeni ya uwanja. Alikuwa anakimbilia mpira, hakuna aliyemgusa. Alianguka kifudifudi kama gunia, bila hata kutanguliza mikono. Nilipomfikia uso ulikuwa umepauka na midomo imekuwa ya kijivu. Haikupita dakika akafumbua macho akaniuliza, "Dada, tumefungwa?" Wenzake wakacheka, nami nikacheka nao kwa kufarijika. Kicheko kile hadi leo kinaniuma.

Tulimpeleka hospitali. Akapimwa malaria, akapimwa wingi wa damu, akapimwa sukari, akapimwa presha. Vyote vizuri. Tukaambiwa hakula vizuri, anywe maji ya kutosha, apumzike. Alipoanguka tena miezi mitano baadaye, akipanda kilima na ndoo ya maji, miguu ilitetemeka kidogo, basi ikaandikwa kifafa. Kwa miaka miwili alimeza dawa za kifafa. Mheshimiwa, mwenye kifafa anastahili dawa zake na heshima yake, sina neno na hilo. Ila ubongo ukikosa damu kwa sekunde chache kwa sababu moyo umekwenda kombo, mwili nao unaweza kutetemeka. Kinachotenganisha mambo haya mawili mara nyingi ni maswali: alikuwa anafanya nini alipoanguka? Aliamka upesi na akili timamu, au alibaki ameduwaa kwa muda? Hakuna aliyetuuliza. Na nyumbani, unajua mambo yalivyo, wapo waliosema amechezewa kichawi.

Aliyeshtuka alikuwa daktari kijana, bado yuko kwenye mafunzo kwa vitendo, tuliyemkuta siku moja tulipokwenda kuchukua dawa. Alisoma faili lote. Akamwambia mdogo wangu achuchumae, akamwekea stetoskopu kifuani, akasikiliza kimya. Kisha akamwambia, "Simama." Aliposimama, daktari akakunja uso na kuinua mkono tusizungumze. Baadaye alitueleza kuwa kuna mvumo, yaani sauti ya ziada ya damu inayopita, ndani ya moyo uliokuwa mdogo akiwa amechuchumaa na ukapanda aliposimama, na kwamba mivumo mingi ya moyo hufanya kinyume chake. Kipimo hicho hakikugharimu hata shilingi moja.

Akaagiza ECG. Mashine ilikuwepo, imefunikwa kitambaa cheupe kisafi. Karatasi zake zilikuwa zimeisha.

Sitaitaja hospitali hiyo, maana watu wake walifanya kazi kwa walichokuwa nacho na sitaki mtu apate barua ya kujieleza kwa ajili yangu. Lakini naomba ukae na picha hiyo, Mheshimiwa. Mashine ipo, umeme upo, mgonjwa amelala kitandani, na kinachokosekana ni bunda la karatasi. Tulisubiri siku kumi na sita. Zilipopatikana, kipimo chenyewe hakikuchukua dakika kumi: vishikizo sita kifuani, vinne mikononi na miguuni, kijana anatulia, karatasi inatoka. Hata mimi nisiyejua kitu niliona kuwa pale ambapo mstari ulipaswa kuinuka kama kichuguu kidogo, ulikuwa umezama kama shimo. Daktari akaipiga picha kwa simu yake na kumtumia mwalimu wake wa chuo. Jibu lilirudi jioni ileile: apelekwe Dar es Salaam akapimwe eko, yaani picha ya moyo kwa mawimbi ya sauti, na asikimbie tena hata hatua moja.

Chumba cha eko kina giza. Mdogo wangu alilazwa ubavu wa kushoto, akapakwa jeli ya baridi, na moyo wake ukatokea kwenye skrini, unacheza. Bingwa aliweka alama mbili ndogo kwenye ukuta unaotenganisha vyumba viwili vya chini vya moyo, namba ikajitokeza: milimita 23. Ukuta huo kwa mtu mzima mwenye afya hauzidi milimita 11 au 12. Ukifika 15 bila sababu nyingine inayoeleweka, mabingwa huuita ugonjwa. Kisha akamwambia abane pumzi na kusukuma kama mtu anayejaribu kunyanyua mzigo mzito, ili aone damu inavyopita kwenda mwilini moyo unapobanwa. Njia ilizibika nusu mbele ya macho yetu. Ndiyo maana alikuwa anaanguka kwenye mbio na kwenye vilima, na si akiwa darasani.

Bingwa alifuta jeli, akawasha taa, akauliza, "Baba yenu yuko wapi?"

Baba alifariki shambani akiwa na miaka 36, jembe mkononi, hajaugua hata siku moja. Tulizika na tukanyamaza. Siku ile ndipo nilipojua kuwa unene huu wa misuli ya moyo kwa sehemu kubwa hurithiwa, na kwamba kila mtoto wa mwenye nao ana nafasi nusu kwa nusu ya kuupata. Tulirudi tukapimwa wote. Moyo wangu ni wa kawaida. Dada yetu anayenifuata, mama wa watoto wawili, anayelima na hajawahi kulalamika hata kifua, ukuta wake ni milimita 17.

Tunaambiana "moyo mkubwa", na neno hilo limetupoteza. Moyo uliotanuka na kulegea ni ugonjwa mmoja, moyo ulionenepa ni mwingine. Huu ulionenepa kwa nje unaweza kuwa na ukubwa wa kawaida kabisa, hivyo picha ya eksirei ikaonekana safi. Tatizo liko ndani, ukuta umekula nafasi ya damu. Presha ya muda mrefu nayo hunenepesha moyo, lakini mara nyingi kwa usawa pande zote, na kwa mwanamichezo unene hupungua akipumzika miezi mitatu hivi. Kutofautisha haya si anasa ya kitaaluma. Zipo dawa za presha zinazotanua mishipa, kama nifedipini, ambazo mwenye njia iliyoziba kama mdogo wangu akipewa zinaweza kumzidishia. Anachomeza sasa ni propranolol, dawa ya zamani, ya bei nafuu. Hajaanguka tangu aanze.

Ugonjwa huu hauko mbali nasi wala si wa nadra kama tunavyodhani. Makadirio yanayotumika duniani ni mtu 1 kati ya 500. Ulielezwa na Donald Teare, mtaalamu wa kupasua maiti huko London, mwaka 1958, kutokana na vijana waliokufa ghafla. Na wengi wetu tuliuona kwenye televisheni tarehe 26 Juni 2003, mjini Lyon, Marc-Vivien Foé wa Kameruni alipoanguka dakika ya 72 ya nusu fainali ya Kombe la Mabara dhidi ya Kolombia, akiwa na miaka 28. Uchunguzi wa mwili ulionyesha moyo ulionenepa. Mtu aliyekuwa akicheza ligi ya Uingereza, mwenye madaktari wa klabu na wa timu ya taifa.

Italia tangu mwaka 1982 humpima ECG kila mwanamichezo wa mashindano, na katika mkoa wa Veneto vifo vya ghafla vya wanamichezo vijana vilipungua kwa asilimia 89 katika miaka iliyofuata. Sikuombi tuige hilo kesho asubuhi kwa kila mtoto wa UMITASHUMTA na UMISSETA, mashindano yetu ya shule za msingi na sekondari. Najua bajeti, na najua jambo jingine ambalo mabingwa wetu wanalijua zaidi: ECG za vijana wengi Waafrika wanaofanya mazoezi huwa na mistari inayofanana na ya ugonjwa wakati moyo ni mzima. Tukipima kila mtu bila wasomaji waliofundishwa, tutawatoa uwanjani watoto wasio na kosa. Ndiyo maana naanzia kwa aliyeanguka. Huyo ameshajitambulisha mwenyewe. Na kwa mwenye ugonjwa huu ECG haidanganyi mara nyingi: takriban wagonjwa 9 kati ya 10 mistari yao si ya kawaida.

Njia ya kuisoma ipo. Taasisi ya Moyo ya Jakaya Kikwete inafanya kazi tangu mwaka 2015, na wataalamu wake wamekuwa wakija mikoani kwa tiba mkoba. Naomba kila hospitali ya wilaya iwe na namba rasmi ya kutuma ECG na kupata jibu siku hiyohiyo, isitegemee urafiki wa daktari na mwalimu wake. Karatasi za ECG ziingie kwenye orodha ya vitu ambavyo kuisha kwake ni lazima kutolewe taarifa, kama dawa. Na mgonjwa mmoja akigundulika, cheti chake kiandikwe wazi kuwa wazazi, ndugu na watoto wake wapimwe, na bima ilipe. Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote ya mwaka 2023 tunayo. Dada yangu alijilipia mwenyewe, kwa sababu aliambiwa hana dalili na kwa hiyo hana ugonjwa wa kujaziwa fomu.

Mwaka 2027 tunaandaa AFCON pamoja na Kenya na Uganda. Viwanja vitakuwa na vifaa vya kushtua moyo na magari ya wagonjwa, na nitafurahi. Viwanja vyetu vya shule vina filimbi na mwalimu.

Watoto wa dada yangu wana miaka tisa na kumi na mbili. Wote wawili wanapaswa kupimwa ECG na eko mara kwa mara hadi wakue, kila mwaka mmoja au miwili. Mkubwa anapenda riadha. Eko yake ya kwanza ni mwezi ujao Dar es Salaam, na mimi ndiye nitakayemsindikiza, kwa basi la alfajiri.

Wako katika ujenzi wa taifa,

Mwalimu wa michezo,
Ruvuma