Msituambie televisheni yetu bado changa

Mhariri,

Nimelisoma gazeti lako kwa zaidi ya miaka ishirini bila kuliandikia hata mstari mmoja, na ningeendelea kunyamaza kama si ile taarifa yenu ya Jumapili iliyopita kuhusu Marion Stokes, yule mkutubi na mtayarishaji wa vipindi vya televisheni wa Philadelphia, Marekani, ambaye kwa zaidi ya miaka 30, hadi alipofariki dunia Desemba 2012, alirekodi matangazo ya habari usiku na mchana nyumbani kwake, akaacha kanda zipatazo 70,000. Mwandishi wenu alimsimulia kama kituko, kisha akamalizia kwamba sisi hatuna haja ya mtu wa namna hiyo kwa kuwa televisheni kwetu bado changa.

Changa kwa lipi? Zanzibar walikuwa nayo tangu miaka ya 1970, na hata ya Bara, iliyochelewa hadi 1994, sasa ina umri wa mtu mwenye watoto shuleni.

Mwaka 1999 wapiga picha wa kituo kimoja walifika kwetu, jirani na Kalenga, kumhoji marehemu baba yangu, ambaye mwaka 1954, akiwa kijana, alikuwapo siku Gavana Twining alipomkabidhi Chifu Adam Sapi fuvu la babu yake Mkwawa, mtawala wa Wahehe aliyepigana na Wajerumani, lililorudishwa kutoka Ujerumani. Baba alizungumza kwa Kihehe saa nzima, ameketi kwenye kigoda chini ya mparachichi, wageni wakinywa ulanzi wetu, pombe ya mianzi. Kilichorushwa hewani hakikuzidi dakika tatu, na hizo nazo sauti ya mtangazaji ilizifunika. Hatukulalamika, maana tuliahidiwa kwamba mahojiano yote yatahifadhiwa. Baba alipofariki nilipanda basi alfajiri pale Ipogolo hadi Dar es Salaam, barua ya mtendaji wa kijiji mfukoni, nikaomba nipatiwe nakala kwa gharama zangu. Kijana wa stoo, mwenye adabu zake, aliitoa kanda kwenye rafu iliyopakana na ukuta uliokuwa ukichuruzika maji ya kiyoyozi. Jina la baba lilikuwapo kwenye lebo, limekatwa kwa mstari mmoja wa kalamu nyekundu, na juu yake pameandikwa "Bonanza". Tuliitazama. Kwa muda mrefu niliwaona watu wazima wakivuta kamba na kukimbia ndani ya magunia, hadi picha zilipokatika, na mwisho kabisa, mahali ambapo bonanza halikufika, ukatokea mkono wa baba juu ya mkongojo wake, kwa sekunde zisizozidi kumi na moja, akiuliza kama wageni wameongezwa ulanzi.

Ninafahamu kwamba kanda za Betacam zilikuwa ghali na ziliagizwa nje. Lakini kama tungeulizwa, tungeuza mbuzi tukanunua nyingine.

Tena msiniambie kwamba siku hizi kila kitu kiko mtandaoni. Nimeona picha za zamani za mikoa yetu huko, zimegongwa nembo ya kituo katikati ya uso wa mzee, hazina jina lake, kijiji wala mwaka, na chini yake zimewekewa muziki wa sherehe ili zisichoshe. Huko pia ni kufuta, ila kwa utaratibu.

Kanda ya sumaku ina maadui wawili, joto na unyevu: gundi inayoshika ule unga wa sumaku hunyonya maji hadi kanda inanata kwenye mashine, na mashine zenyewe hazitengenezwi tena. Sasa Iringa tuko zaidi ya mita 1,500 juu ya usawa wa bahari, na Julai tunalala na mablanketi mawili. Napendekeza vituo vyote vilete masalia ya kanda zao huku. Nitatoa stoo yangu ya mahindi, yenye rafu za mbao za msindano nilizokwisha kuzipaka dawa ya mchwa, bila kudai kodi. Sharti langu ni moja, kwamba atakayetaka kufuta kanda yoyote aje na kibali chenye saini ya ndugu wa mtu aliyemo, pamoja na ile kalamu yake nyekundu, tuione. Akija wakati wa masika, ulanzi utakuwapo.

Msomaji wenu wa siku nyingi,
Iringa